UZI MAALUMU: Jina la utani la nyumbani limemfuata mtoto shuleni na linamwaibisha. Nini kifanyike, na kianze kipi?

#1 Mshauri wa Shule

Wakuu, nafungua uzi huu kwa sababu suala hili huonekana dogo hadi siku mtoto anapogoma kwenda shule. Nazungumzia lakabu iliyozaliwa nyumbani: Kibonge, Nunu, Kichwa, Bebi, Kachura, Kikojozi, na nyingine za aina hiyo. Nyingi zilitungwa kwa mapenzi. Neno lililokuwa la watu watano linapofika kwa watu arobaini, hao arobaini hulipokea bila yale mapenzi yaliyolizaa.

Kosa la kwanza la wazazi wengi ni kutaka jina lifutwe. Halifutiki kwa amri. Watoto lazima wamwite mwenzao jina fulani, na kama hakuna jingine linalotamkwa mara nyingi kuliko lile la aibu, litakalobaki mdomoni ni hilohilo. Kwa hiyo kazi yote ni kuingiza jina jingine mahali pake, kuanzia nyumbani, huku lile la zamani likinyimwa kinacholiweka hai, yaani machozi, hasira, mshtuko na vicheko.

Kabla ya kufanya lolote, tafuta lilipitia mlango gani. Milango si mingi. Kuna geti la shule, mzazi anapoita kwa sauti wakati wa kumchukua mtoto. Kuna ndugu au binamu anayesoma shule hiyohiyo. Kuna rafiki aliyekuja kucheza nyumbani, simu iliyowekwa spika, ujumbe wa sauti kwenye kundi la wazazi wa darasa, jina lililoandikwa kwa kalamu nzito kwenye chupa ya maji au lebo ya sweta, na picha ya siku ya kuzaliwa iliyowekwa mtandaoni na maneno chini yake. Ukikosea mlango utapoteza wiki nzima ukiwasema wanafunzi wenzake, kumbe mdogo wake analiingiza upya kila asubuhi kwenye basi la shule.

Mazungumzo na mtoto yafanyike mkiwa na kazi ya mikono, mnakunja nguo au mnatembea njiani. Mtoto hufunguka zaidi akiwa hatazamwi usoni. Dakika 15 zinatosha, na ndugu zake wasiwepo. Usianze na "nani anakuonea?", maana ataogopa kuwa mchongezi. Anza na "Siku hizi shuleni wanakuitaje?" Kisha uulize yafuatayo bila haraka: lilianza kusikika lini, nani alilisema mara ya kwanza, wanaliita wangapi, linaitwa sehemu gani zaidi, yeye hufanya nini likiitwa, na la muhimu kuliko yote, angependa aitwe nani. Wazazi wengi husahau swali hilo la mwisho, na mipango yote inayofuata inaning'inia hapo. Wapo watoto wanaotaka jina lao la cheti, wapo wanaotaka kifupisho chake, na wapo ambao hata jina la cheti hawalipendi wanataka la pili. Mwache achague, umpe siku mbili za kufikiri.

Mtoto wa miaka 8 na zaidi mpe pia kazi ya kuhesabu kwa siku 3 za shule. Kila akiitwa lile jina, achore kijistari kwenye ukurasa wa mwisho wa daftari la rafu. Asiandike nani kaita. Jioni mnajumlisha. Hesabu hii inakupa kianzio cha kupimia kama mambo yanapungua au la, na inamtoa mtoto kwenye "wote wananiita kila saa" na kumfikisha kwenye namba. Mara nyingine namba huwa ndogo kuliko alivyohisi, naye akapumua. Ikiwa kubwa, una ushahidi wa kumpelekea mwalimu.

Ukishapata hayo, pima uzito. Dan Olweus, aliyefanya utafiti wa uonevu shuleni huko Uswidi na Norwei kuanzia miaka ya 1970, alitumia vigezo vitatu ambavyo mpaka leo vinafaa: kuna nia ya kuumiza, jambo linajirudia, na anayetendewa hana nguvu sawa na wanaomtenda. Rafiki mmoja akimwita Nunu na mtoto naye akamwita la kwake wakacheka, huo ni utani. Watoto sita wakimwita Kibonge kila anaposimama kujibu swali, huo ni uonevu, na hatua zake ni nyingine. Katikati kuna kero ya kawaida, na kesi nyingi hukaa hapo katikati.

Nitaendelea na upande wa nyumbani. Wenye maswali ulizeni.

#2 Mzazi Makini

Asante mshauri kwa kulifungua hili. Maswali mawili. Kwa nini mtoto asiambiwe tu apuuze? Na nyumbani kuna wazee ambao wamemwita hivyo tangu akiwa na mwezi mmoja, hao unawaambiaje bila kuwavunjia heshima?

#3 Mshauri wa Shule

Naanza na la pili kwa kuwa ndilo linalotangulia kiutendaji.

Kaeni kikao cha familia kisichozidi dakika 10, na mtoto akubali mwenyewe kwamba kifanyike. Mzazi ndiye aseme, mtoto asibebeshwe mzigo wa kuomba. Maneno yawe mafupi, tuseme jina alilochagua ni Salma: "Hili jina tulilitoa kwa upendo. Sasa amekua na linamletea shida shuleni. Kuanzia leo tunamwita Salma." Basi. Usieleze nani alimcheka wala alilia siku gani, kwa sababu habari hizo nazo zitasafiri.

Mtoto achague kiwango. Kuna anayetaka likome kabisa. Kuna anayetaka libaki ndani ya nyumba tu, nje ya mlango lisisikike. Kuna anayesema "bibi aendelee, wengine waache." Chaguo la pili na la tatu ni halali kabisa, na ndilo jibu la suala la wazee: bibi akielezwa kwamba mjukuu bado analipenda jina likitoka kwake, faraghani, hatajiona amenyang'anywa kitu. Msimkatalie mtoto chaguo hilo kwa kudhani mnamlinda. Jina la mapenzi lina thamani kwake, kinachomuumiza ni kulisikia mahali pasipo pake.

Kuteleza kutakuwepo kwa wiki kadhaa, ulimi una mazoea. Anayesikia mwenzake ameteleza amrekebishe kwa neno moja tu, "Salma", kwa sauti ya kawaida, na mazungumzo yaendelee. Msiweke faini wala adhabu. Nyumba ikianza kucheza mchezo wa kukamatana, jina linatajwa mara nyingi kuliko awali.

Kisha fanyeni usafi wa maandishi siku hiyohiyo. Jina la mtoto kwenye simu za wazazi na ndugu libadilishwe, kwa sababu likitokea kwenye kioo cha simu mwenzake wa darasani analiona. Badilisheni jina la kundi la familia kama lina lakabu hiyo, majina kwenye chupa, begi na nguo, na akaunti yake ya michezo ya kompyuta.

Sasa la kupuuza. Kumwambia mtoto "puuza" bila kumfundisha namna ni kumwambia aogelee bila kumwingiza majini. Kupuuza kuna ugumu wake unaojulikana: tabia iliyozoea kulipwa ikikosa malipo huongezeka kwanza kabla ya kupungua. Wanaomwita wakiona hajibu, wataita kwa sauti zaidi, watalirudia, watalitungia wimbo. Hiyo huweza kuchukua siku kadhaa. Mtoto asiyeonywa hudhani mbinu imeshindwa, analipuka siku ya nne, na wenzake wanajifunza kwamba ukimchokoza siku nne mfululizo unapata ulichotaka. Hapo hali inakuwa ngumu kuliko mwanzo, maana malipo yanayokuja mara chache bila kutabirika ndiyo yanayofanya tabia ing'ang'anie. Kwa hiyo mwambie mapema: "Wiki ya kwanza hesabu yako ya vijistari inaweza kupanda. Ikipanda, ujue wanajaribu kama utarudi ulikokuwa."

Badala ya kunyamaza kabisa, mimi nafundisha jibu fupi lisilozidi maneno sita, kisha mtoto arudi kwenye alichokuwa akifanya. Mifano:

"Naitwa Salma."
"Hilo la nyumbani. Hapa Salma."
"Niite Salma, nitaitika."

Hilo la tatu lina faida ya ziada: linawafundisha kwamba mwitiko unapatikana kwa jina sahihi tu. Ila lazima litekelezwe. Akiitwa Salma aitike haraka na kwa uso mkunjufu, akiitwa lile jingine asigeuke. Watoto wengi hugeuka bila kujijua, ndiyo maana mazoezi yanahitajika.

Mazoezi ni dakika 5 kwa siku, siku 5. Siku mbili za kwanza mzazi anatumia jina la kubuni lisilo na maana yoyote, mfano "Kijiko", mtoto anajizoeza kusimama wima, mabega yametulia, macho usawa wa macho ya anayemwita, sauti ya kawaida. Siku ya tatu, mtoto akiridhia, mnatumia jina lenyewe. Akianza kulengwalengwa na machozi mnarudi kwenye "Kijiko", hakuna haraka. Siku ya nne na ya tano mnafanya huku anatembea au anapanga vitu, kwa sababu shuleni hataitwa akiwa amesimama anasubiri.

Makosa ya kawaida: jibu refu ("mama yangu amesema msiniite hivyo kwa sababu..."), sauti inayopanda mwishoni kama swali, na kumtungia mwenzake jina baya. Hilo la mwisho humfurahisha mtoto kwa siku moja, kisha likawa vita ya majina, na mwalimu akiingia anawakuta wote wana makosa.

#4 Mwl. wa Darasa

Mshauri, umegusa penyewe. Naongeza kosa moja ambalo sisi walimu tunaliona kila muhula: mtoto anayecheka pamoja nao. Anacheka ili aibu isionekane. Wenzake wanasoma kicheko kama ruhusa, mwalimu naye akipita anaona kundi linacheka, anaondoka ameridhika. Mzazi amuulize mwanawe waziwazi: "Huwa unacheka?" Kama ndiyo, mazoezi yaanzie hapo. Hahitaji kukunja uso, uso wa kawaida tu unatosha.

Sasa upande wa darasani. Mzazi akija kwangu nataka vitu vinne, na visizidi nusu ukurasa: jina gani linaitwa, jina gani mtoto anataka, sehemu na muda linapoitwa zaidi, na mtoto anataka nifanye nini. Malalamiko marefu yenye majina ya watoto kumi na wawili hunichelewesha, kwa sababu lazima nianze kuchambua nani ni nani.

Msiniombe nitangaze. Mwalimu anayesimama mbele ya darasa na kusema "ni marufuku kumwita fulani jina fulani" amewafundisha wanafunzi ishirini ambao hawakuwa wakilijua, na amewaonyesha wote mahali panapouma. Gwarideni ni vibaya zaidi.

Ninachofanya ni kulifanya jina alilochagua lisikike. Kwa wiki mbili nampa kazi inayolazimisha wenzake wamwite: kugawa madaftari, kusimamia zamu ya kufuta ubao, kuandika majina ya vikundi. "Madaftari chukueni kwa Salma." "Mkimaliza mpeni Salma." Likitajwa mara kumi kwa siku na mtu mwenye mamlaka, bila msisitizo wowote, linaanza kushika. Na mimi mwenyewe silitamki lile la zamani hata kwa upole, hata ninapoongea na wahusika. Nasema "lile jina".

Wanaoita naongea nao mmojammoja, dakika mbili au tatu, wote ndani ya siku moja ili wasipate nafasi ya kupanga maneno. Nikiwaita kwa kundi, hadithi inalingana na yule jasiri anazungumza kwa niaba ya wote. Siulizi kwa nini, maana jibu ni "tulikuwa tunatania". Nasema: "Nimesikia Salma anaitwa jina asilolipenda. Wewe utasaidiaje?" Nasubiri anijibu, hata ukimya ukirefuka. Siku tatu baadaye namuuliza imekwendaje. Wengi hutimiza walichosema wenyewe kuliko walichoamriwa.

Kuomba radhi mbele ya darasa sikulazimishi. Anayeombwa radhi anakuwa jukwaani tena, na anayeomba anaondoka na kinyongo.

#5 Mzazi Makini

Na wale wanaotazama tu? Maana wanaoita huwa wawili watatu, kundi kubwa linacheka.

#6 Mwl. wa Darasa

Hao ndio ufunguo. Watafiti wa Kanada, Hawkins, Pepler na Craig, walirekodi watoto wakiwa viwanjani na matokeo yao yalitoka mwaka 2001. Wenzao walikuwepo katika matukio mengi sana ya uonevu, lakini walioingilia walikuwa wachache. Walipoingilia, zaidi ya nusu ya mara hizo uonevu ulikoma ndani ya sekunde 10. Kwa hiyo mtoto mmoja anayesema "anaitwa Salma bwana, tucheze" ana nguvu ambayo mwalimu hana.

Kumpata si vigumu. Mtoto ataje marafiki wawili anaowaamini. Mzazi au mwalimu awaombe jambo moja tu: likiitwa lile jina, wao watumie jina sahihi katika sentensi inayofuata. Wasigombane na mtu yeyote wala kumtetea kwa hotuba. Ukiwapa kazi kubwa zaidi wataogopa, au watageuka polisi na kuleta ugomvi mpya.

Sehemu za kuangaliwa zaidi ni foleni, vyoo, usafiri, na zile dakika tano kati ya mwalimu mmoja kutoka na mwingine kuingia. Kama vijistari vya mtoto vinajaa kwenye foleni, kumbadilishia nafasi kimyakimya kunasaidia kuliko vikao vitatu.

#7 Kaka wa Nne

Wakuu, mlango ukiwa ni ndugu yake mwenyewe, mnafanyaje? Mkubwa darasa la sita, mdogo la tatu, na mkubwa ndiye analitumia wakigombana.

#8 Mshauri wa Shule

Inategemea nani anavujisha. Mdogo wa miaka 5 au 6 hajui kama jina ni siri, kwake ndilo jina la dada yake. Mfundishe kwa mchezo: "jina la ndani, jina la nje." Mkifika mlangoni unamuuliza "sasa tunamwitaje?" Siku saba hadi kumi za kurudia mlangoni zinamtosha. Usimtishe wala kumwekea ahadi ya zawadi kubwa, kwa kuwa atagundua kwamba neno hilo lina bei, na siku akikasirika atalitumia.

Mkubwa wa darasa la sita anajua anachofanya. Huyu ongea naye peke yake. Tenganisha mambo mawili: ugomvi wao, ambao ni wa kawaida na una njia zake, na silaha anayoitumia, ambayo haikubaliki. Mwambie wazi: "Mkigombana, nileteeni. Lile jina nje ya nyumba, hapana." Akilitumia, matokeo yawe ya papo hapo, madogo na yaleyale kila mara, mfano kukosa simu jioni ile. Ila chunguza pia kwa nini anamuonea kijicho mdogo wake. Mara nyingi mkubwa anayevujisha siri za nyumbani ana kitu chake ambacho hajasikilizwa.

Na tafadhali, mzazi usimlipizie kwa kutaja lakabu yake ya utotoni. Nalisema kwa msisitizo kwa sababu hutokea sana, na linamfundisha kwamba mwenye nguvu ndiye anayeruhusiwa kuaibisha.

#9 Nesi wa Watoto

Naomba nizungumzie lile jina la "Kikojozi", kwa kuwa lina upande wa afya. Kukojoa kitandani si uvivu wala ukaidi. Katika watoto 100 wenye miaka 7, kati ya 5 na 10 hivi bado hukojoa usiku. Kibofu hakijakomaa, au mwili hautengenezi vya kutosha ile homoni inayopunguza mkojo usiku, au mtoto hazinduki kibofu kikijaa, na mara nyingi hurithiwa. Kumwita jina hilo hakuharakishi chochote, kunamwongezea wasiwasi tu.

Kwa hiyo hili halina uchaguzi wa "libaki ndani". Likome kabisa, kwa kila mtu, siku hiyohiyo. Majina yanayotaja mwili au tukio la aibu yote nayaweka kundi hili: unene, masikio, meno, kigugumizi, siku aliyotapika mbele ya watu.

Mtoto aliyekuwa amekaa miezi 6 au zaidi bila kukojoa kitandani kisha akaanza tena apelekwe kwa daktari. Inaweza kuwa maambukizi ya njia ya mkojo, choo kigumu, kisukari, au msongo, na uonevu wa shuleni ni mojawapo ya vyanzo vya msongo huo. Pia mchunguze kama anabana mkojo mchana kutwa kwa kuogopa kuitwa jina vyooni. Dalili ni kurudi nyumbani akikimbilia chooni kila siku, chupa ya maji ikiwa imejaa kama ilivyoondoka, na maumivu anapokojoa.

#10 Mshauri wa Shule

Nesi, ahsante sana. Hilo la kuyagawa majina naliunga mkono, na lina athari kwenye ushauri mmoja unaosikika sana: "mfundishe alimiliki jina lake, alivae kwa fahari." Kwa jina la mapenzi, kama Nunu au Bebi, linawezekana. Mtoto anasema "Ndiyo, bibi huniita hivyo", anaendelea na mchezo, na hakuna kilichobaki cha kucheka. Kwa jina la mwili au la tukio, usimwombe hivyo. Unamtaka atabasamu juu ya jambo linalomuuma, na wenzake watalichukua tabasamu hilo kama ruhusa aliyoieleza mwalimu hapo juu.

#11 Mzee wa Busara

Mimi naona tunawadekeza. Watoto wa zamani waliitwa majina ya kila aina na wakakua. Dunia itawaita mabaya zaidi. Wacha wakomae.

#12 Mwl. wa Darasa

Mzee wangu, shikamoo. Nakubaliana nawe kwamba mtoto lazima ajifunze kusimama mwenyewe, ndiyo maana mshauri ameweka siku tano za mazoezi na jibu analolitoa mtoto mwenyewe, bila mzazi kumsemea. Ila ukomavu hauji kwa kupigwa mahali pamoja kila siku. Unakuja mtoto anapopata mbinu, akaijaribu, akaona inafanya kazi. Anayeachwa peke yake hujifunza pia, lakini hujifunza kukaa kimya asionekane: hanyooshi mkono darasani, hachezi, hajiungi na kwaya. Ukimtazama kwa mbali utadhani ametulia.

Na kwa shule hili si hisani. Mkataba wa Haki za Mtoto wa Umoja wa Mataifa, uliopitishwa tarehe 20 Novemba 1989, unampa mtoto haki ya jina katika ibara ya 7, na ibara ya 19 inataka alindwe dhidi ya ukatili wa mwili na wa akili. Ibara ya 12 inataka asikilizwe katika mambo yanayomhusu. Ndiyo maana tunaanza kwa kumuuliza anataka aitwe nani.

#13 Mzee wa Busara

Marahaba mwalimu. Kuhusu mazoezi nimekuelewa, sikuwa nimelisoma vizuri. Sasa huyu wa miaka 12 au 13 je? Hao hawataki hata kuongea na mzazi.

#14 Mshauri wa Shule

Umri huo una jambo lake, mzee. Mwaka 1967 mwanasaikolojia David Elkind alieleza kwamba kijana anayebalehe huishi kana kwamba kuna hadhira inamtazama muda wote. Kumwambia "hakuna anayekuangalia" hakusaidii, ataona humwelewi. Kinachosaidia ni ushahidi. Wasimulie jaribio la Thomas Gilovich na wenzake, lililochapishwa mwaka 2000: wanafunzi wa chuo kikuu cha Cornell, Marekani, walivalishwa fulana yenye picha kubwa ya mwanamuziki Barry Manilow, wakaona aibu, wakaingizwa chumbani kwa wenzao. Walipoulizwa walikisia kwamba karibu nusu ya waliokuwemo wameitambua picha ile. Walioitambua walikuwa kama robo tu. Vijana huipenda habari hii, na wengine huanza kuhesabu vijistari wenyewe bila kuombwa.

Kwa umri huu mzazi asiende shuleni bila kijana kujua. Mpe ujumbe uliouandika, aukate, aongeze, ndipo utume. Akikataa kabisa usitume, isipokuwa kuna hatari. Na hatari ni hizi: anaumwa tumbo au kichwa asubuhi za shule na kupona mchana, anarudi na vitu vilivyochanwa au pesa imepotea, analala vibaya, ameacha marafiki wote, anajiumiza, au anasema maneno kama "bora nisingekuwepo". Hayo mawili ya mwisho hayasubiri mazoezi ya siku tano. Siku hiyohiyo kaa naye, usimwache peke yake, na mtafute daktari au mshauri.

#15 Fundi Mtandao

Naongeza la simu kwa haraka. Jina likihamia kwenye kundi la wanafunzi, hatua ya kwanza ni kupiga picha ya skrini inayoonyesha tarehe na jina la aliyeandika, kabla ya kuomba lifutwe. Wazazi hufanya kinyume, ujumbe ukishafutwa hakuna cha kumwonyesha mwalimu. Mzazi asijibu kwa akaunti ya mtoto, na asiingie kwenye kundi kuwakaripia, kwa sababu karipio hilo nalo litapigwa picha na kusambazwa. Stika iliyotengenezwa kwa sura ya mtoto iripotiwe ndani ya programu yenyewe, kisha mwenye kundi aombwe aiondoe.

Halafu mzazi afungue akaunti zake mwenyewe, aandike lile jina kwenye sehemu ya kutafuta, aone picha ngapi za miaka iliyopita zina maneno hayo. Hariri maneno au ficha picha. Waombe shangazi na wajomba wafanye hivyo pia. Wanafunzi hupenda kuchimba picha za zamani, na hupata.

#16 Kaka wa Nne

Kumhamisha shule mnaonaje?

#17 Mwl. wa Darasa

Iwe ya mwisho. Fanya kwanza haya kwa wiki 4 hadi 6, ukihesabu vijistari siku 3 katika wiki ya pili na ya nne. Vikipungua, endelea. Visipopungua na shule imekaa kimya hata baada ya kuandikiwa, hapo kuhama kuna maana. Ila ahame akiwa na mazoezi tayari na jina lake jipya limeandikwa kwenye fomu tangu siku ya kwanza, na milango ile ya mwanzo imefungwa. Akihama na chupa ileile yenye lakabu, kuhama hakujasaidia kitu.

#18 Mzazi Makini

La mwisho kwangu. Mzazi ameshajitahidi wiki tatu, siku moja getini limemponyoka mdomoni kwa sauti, na wenzake wamesikia. Anafanya nini pale pale?

#19 Mshauri wa Shule

Asishike mdomo, asiseme "oh, samahani", asicheke, asimwangalie mtoto kwa huruma. Vyote hivyo vinawaelekeza waliosikia. Amsogelee hadi hatua mbili tatu, aseme jina sahihi na jambo la kawaida kwa pumzi moja: "Salma, umechukua sweta?" Waondoke kwa mwendo wao wa siku zote.

Wakishafika mbali na geti, amwombe radhi mara moja, bila kujieleza: "Limeniponyoka. Nisamehe." Kisha amuulize kama anataka kufanya zoezi la dakika 5 jioni ile. Akisema hapana, iwe hapana. Kesho yake mzazi afike getini kabla ya kengele na asimame mahali ambapo mtoto atamwona bila kuitwa.